Rojo la mafyulisi la kujaza keki, kwa majiko ya nyanda za juu

Keki yangu ya kwanza ya sendofu ilitoka Uyole, Mbeya, imesimama, ikafika Kyela imekaa. Ilikuwa ya matabaka matatu, krimu nyeupe, na katikati nilikuwa nimeweka mafyulisi, wengine wanayaita pichi, niliyoyapika mwenyewe, nikijisifu kwamba mimi situmii vitu vya kopo. Tulipofungua boksi ukumbini, tabaka la juu lilikuwa limeteleza upande kama kofia ya mlevi, na kwenye krimu kulikuwa na michirizi ya maji ya rangi ya chungwa. Shangazi wa bibi harusi aliinama, akaitazama kwa makini, kisha akaniambia kwa upole ulioniuma kuliko matusi: "Mwanangu, keki yako inatoka jasho."

Nilisingizia joto la Kyela. Nilimsingizia na dereva, Mungu anisamehe. Wiki iliyofuata nilipika rojo lile lile, nikaliacha kwenye bakuli usiku kucha mezani. Asubuhi vipande vya matunda vilikuwa vimekaa kivyake, na pembeni maji yametuama kama dimbwi. Kumbe keki iliharibika kabla haijapanda gari.

Filingi ya matunda, ambayo hapa nitaiita rojo, ina kazi moja kubwa: kuyatoa maji kwanza, halafu kuyafunga yale yanayobaki. Utamu na harufu tunda linakuja navyo lenyewe.

Maji, na huku juu tunakoishi

Nyama ya fyulisi ni maji kwa karibu asilimia 89. Stroberi inazidi hapo kidogo. Sukari ikigusa tunda lililokatwa inayavuta maji hayo nje, na haijali kama tunda liko kwenye sufuria au tayari liko ndani ya keki. Ukiyaacha maji hayo yatoke baadaye, yatatokea kwenye keki ya mtu. Na ukimwaga kila kitu kwenye sufuria kwa mkupuo mmoja, unapika supu: vipande vinalainika na kusagika muda mrefu kabla maji hayajapungua, na unaishia na uji wa rangi ya tope.

Kuna na suala la mwinuko, ambalo maelekezo mengi ya mapishi hayaligusi. Mbeya mjini tuko kama mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, Iringa kama 1,600, Njombe inakaribia 2,000. Huku juu mgandamizo wa hewa ni mdogo, kwa hiyo maji yanachemka mapema: Dar es Salaam yanachemka kwenye nyuzi 100, Mbeya kama 94. Kila aliyepika maharage Mbeya baada ya kuyapika Dar anaijua tofauti hiyo kwa gharama ya mkaa. Kwenye matunda ina maana mbili. Vipande vigumu vinachelewa kulainika, kwa hiyo dakika za kwenye maelekezo zichukulie kama mawazo ya mtu, siyo sheria. Na ukiambiwa "chemsha jamu mpaka kipimajoto kisome 105", aliyeandika alikuwa pwani. Ukiisubiri 105 ukiwa Mbeya utapata kitu kinachovutika kama tofi. Mwenye kipimajoto achemshe kwanza maji matupu, asome namba, kisha aongeze 4 au 5. Hapo ndipo jamu yake itaganda. Rojo la konflawa tunalopika leo halihitaji kipimajoto, linahitaji macho.

Kununua

Mafyulisi huwa mengi sokoni kuelekea mwisho wa mwaka na mwanzoni mwa mwaka mpya. Mengi yanatoka upande wa Njombe na Makete, na miji yetu yote ya nyanda za juu ina mama mwenye miti miwili mitatu nyuma ya nyumba. Ni madogo, yana manyoya, na mengine nyama yake imeng'ang'ania kokwa kama imegundishwa. Usiyadharau kwa udogo. Harufu yake inapita kwenye keki hata ukiweka vanila.

Pale soko la Mwanjelwa, Mbeya mjini, muuzaji wangu huniuliza kabla sijafungua mdomo: "Ya kula au ya kupika?"

"Ya keki, mama. Nichanganyie."

Kuchanganya maana yake ni hii: robo tatu yawe yameiva, yananukia ukiyasogeza puani na yanabonyea kidogo karibu na kikonyo. Robo iliyobaki iwe migumu kiasi, ila isiwe ya kijani. Yaliyoiva yanatoa ladha. Magumu yana uchachu zaidi na pektini zaidi, ile inayofanya jamu igande, na vipande vyake vinabaki vipande baada ya kupikwa. Yenye madoa ya kugongana anakuongezea bure, yachukue, utakata sehemu iliyobonyea. Lenye ukungu tupa zima, usijifanye unaokoa nusu.

Vipimo

Kwa keki ya inchi 8 yenye matabaka matatu, yaani sehemu mbili za kujaza, na ziada ya kulamba:

Mafyulisi kilo 1 (ukishamenya na kutoa kokwa utabaki na gramu 750 hadi 800)
Sukari gramu 150, sawa na robo tatu ya kikombe
Konflawa vijiko 3 vya chakula, vilivyosawazishwa kwa kisu
Maji ya baridi robo kikombe
Pasheni 3 zilizoiva, au limau moja
Siagi kijiko 1 cha chakula
Chumvi, ile inayoshikika kwa vidole viwili

Kuhusu konflawa naomba tuelewane. Ni wanga mtupu wa mahindi, mweupe pe, ukiufinya kwenye vidole unalia kama unakanyaga theluji (naambiwa, theluji sijaiona). Sembe siyo konflawa, hata uichekeche mara kumi. Binti mmoja niliyekuwa namfundisha alinunua sembe kwa sababu mwenye duka alimwambia "si yote ni mahindi?" Tulikula ugali wa mafyulisi siku hiyo, na haukuwa mbaya, lakini haukuwa wa keki. Kama konflawa haipatikani, wanga wa muhogo unafaa; kama umetosha, sahani ya baridi ya hatua ya 6 itakuambia. Unga wa muhogo wa kawaida haufai.

Sufuria iwe nzito chini, na kama unayo isiyoshika kutu itumie hiyo. Sufuria zetu nyepesi za alumini zinagombana na uchachu wa matunda: rojo linapata kijivu fulani na ladha ya sarafu mdomoni. Kama huna nyingine, pika humo humo ila usiliache rojo lipoe ndani yake. Mwiko uwe ambao haujawahi kukaanga kitunguu. Mti una kumbukumbu.

Hatua ya 1: kumenya

Chemsha maji mengi. Chora msalaba mdogo kwa kisu kwenye kitako cha kila fyulisi, ukikata ngozi tu. Tumbukiza matano matano kwa dakika moja, yatoe, yatie kwenye beseni la maji ya baridi. Maji ya bomba ya Mbeya mwezi wa Juni yangetosha kugandisha samaki, lakini hata Desemba ni baridi vya kutosha. Ngozi itajivuta kuanzia kwenye msalaba, unaivua kama soksi. Yale magumu yatakataa, hayo menya kwa kisu tu, usiyarudishe kwenye maji mara tatu ukayapika nusu.

Hatua ya 2: kukata na kuyaacha yalie

Kata vipande vya sentimita moja. Vikubwa zaidi vinazuia kisu wakati wa kukata keki, na tabaka la juu linainuka. Vidogo zaidi vinapotea. Kokwa tupa, usizivunje kuchungulia mbegu ya ndani: ina sumu.

Weka vipande kwenye bakuli, mwagia sukari yote na chumvi, geuza, funika, ondoka. Dakika arobaini angalau, saa moja ni bora. Ukirudi utakuta vipande vinaelea kwenye sharubati ambayo hukuiweka wewe. Ukiruka hatua hii hiyo sharubati yote ingejificha ndani ya vipande mpaka siku ya sherehe.

Hatua ya 3: kuchuja na kupunguza

Hapa ndipo penye kazi yenyewe, na ndipo wengi wanapopapita mbio.

Mimina kila kitu kwenye chujio juu ya sufuria. Usikamue, acha vijichuje kwa dakika tano. Vipande vikae pembeni. Sharubati iliyoko kwenye sufuria ipime kwa macho, au chomeka kijiti safi chini na uweke alama maji yalipofikia. Washa moto wa wastani, chemsha bila kufunika mpaka ibaki nusu. Kijiti kitakuambia bila kubahatisha.

Mwanzoni mapovu ni makubwa na mepesi, yanapasuka haraka. Sharubati ikikaribia nusu mapovu yanakuwa madogo, yanarundikana, yanapasuka kwa uvivu, na sauti inabadilika kutoka kuchemka kwa chai hadi kitu kama kunong'ona. Rangi inaiva kuelekea asali. Hapo acha.

Kwa jiko la mkaa, mwanzoni fungua mlango wa chini upate moto wa kutosha, kisha sharubati ikipungua funga mlango na funika makaa kwa majivu kidogo. Sukari inaungua chini ya sufuria wakati juu bado kunaonekana salama, na harufu ya kuungua haitoki tena. Usijidanganye kwa kumwaga vanila.

Hatua ya 4: vipande vinarudi

Rudisha vipande kwenye sharubati iliyopungua, moto mdogo. Geuza kwa kuinua kutoka chini, siyo kwa kuzungusha kama ugali. Dakika tano hadi nane. Vitatoa maji kidogo tena, usiogope, ndiyo hayo tutakayoyafunga. Chukua kipande kigumu kuliko vyote, kiweke kwenye sahani, kibonyeze kwa mgongo wa kijiko: kikikubali kuvunjika bila kusagika, tayari.

Na ukionja, chota kwa kijiko kimoja, onja kwa kingine. Siyo suala la usafi peke yake. Mate yana kimeng'enya kinachovunja wanga, ndicho kinachoanza kumeng'enya ugali ukiwa bado unatafuna. Kijiko kilichotoka mdomoni kikirudi kwenye rojo la konflawa kinaweza kuliyeyusha polepole, na kesho utakuja kulaumu konflawa.

Hatua ya 5: konflawa

Koroga konflawa na ile robo kikombe ya maji ya baridi mpaka isiwe na donge hata moja. Ifanye dakika hiyo hiyo unayoihitaji, ikikaa inashuka chini na kuwa kama saruji, itabidi ukoroge upya. Isiguse kitu cha moto ikiwa kavu.

Rojo likiwa linatokota, mimina konflawa kama uzi mwembamba kwa mkono mmoja huku mkono mwingine unageuza. Kwanza litakuwa na weupe wa maziwa yaliyomwagika, halafu ghafla litashika. Wengi wanaliepua hapo, na hapo ndipo keki ya Kyela iliponifia. Konflawa iliyoshika siyo konflawa iliyoiva. Endelea mpaka rojo litoe mapovu mazito yanayosema "pwu, pwu", kisha hesabu dakika moja na nusu zaidi huku ukigeuza taratibu. Weupe utaondoka, rojo litang'aa kama limepakwa mafuta, na ukionja hakuna ile ladha ya chaki. Nyuzi 94 za Mbeya zinatosha kabisa kuivisha wanga, mradi lichemke kweli.

Lakini ukishafika hapo usiendelee kwa mapenzi. Kuchemsha mno na kukoroga kwa nguvu kunapasua chembe za wanga zilizovimba, na rojo lililokuwa zito linarudi kuwa jepesi mbele ya macho yako.

Hatua ya 6: sahani ya baridi

Kabla hujaanza kupika ungekuwa umeweka sahani ndogo kwenye friji, au dirishani kama ni msimu wa baridi. Sasa dondoshea kijiko kimoja cha rojo, subiri dakika mbili, pitisha kidole katikati. Njia uliyoichora ikibaki wazi, umemaliza. Zikisogeleana kingo zake taratibu, dakika moja zaidi jikoni. Zikikimbiliana kama watoto wa chekechea, koroga kijiko kimoja cha konflawa na vijiko viwili vya maji, ongeza nusu yake, chemsha tena dakika moja, pima tena.

Inua sahani pia, uiegemeze. Kama maji meupe yanajitenga na kutangulia chini peke yake, bado.

Hatua ya 7: uchachu na siagi, nje ya moto

Epua. Ndipo uweke siagi na pasheni. Uchachu ukichemshwa muda mrefu pamoja na wanga unaudhoofisha, ndiyo maana unakuja mwisho. Limau linafanya kazi vizuri, vijiko viwili vya chakula vya maji yake, lakini mimi niliacha limau kwenye mafyulisi baada ya kujaribu pasheni mara moja. Zinachacha vile vile na zinaongeza harufu ya pili chini ya ile ya kwanza.

Pasheni chagua zilizokunjamana ganda, zile laini zinazong'aa bado chachu tupu. Kwangua ndani, pitisha kwenye chujio kwa kusugua na mgongo wa kijiko. Mwenye blenda aizungushe mara mbili tatu kwa kugusa tu na kuachia. Ukiiacha iungurume, mbegu zinasagika, na unapata vijichanga vyeusi vyenye uchungu. Rudisha kijiko kimoja cha mbegu nzima kama unapenda zionekane. Wateja wa Mbeya wanazipenda, wa Iringa nimeona wanazitema, lakini huenda ni wale wangu tu.

Hatua ya 8: kupoza

Mimina kwenye bakuli pana la kioo au plastiki, siyo refu, lipoe haraka. Funika kwa nailoni ya chakula ukiilaza igusane na uso wa rojo lenyewe, la sivyo juu kutajitengeneza ngozi kama ya maziwa, na ngozi hiyo ukiikoroga inakuwa mabonge. Likishapoa liingie friji kwa muda wa saa nne au usiku mzima. Kabla ya kulitumia ligeuze mara mbili tatu tu.

Kwenye friji linakaa siku nne vizuri. Asiye na friji apike jioni na ajaze keki asubuhi, asivuke hapo. Kugandisha kwenye friza siyo wazo zuri kwa konflawa: likiyeyuka linatoa maji upya, yale yale tuliyohangaika nayo. Anayetaka kugandisha atumie wanga wa muhogo, unavumilia friza zaidi.

Matunda mengine ya kwetu

Tufaha za Njombe, zile ndogo ngumu, zina pektini nyingi. Konflawa kata nusu. Zianze kwenye siagi badala ya sukari: kaanga vipande dakika tatu, tia sukari na mdalasini, funika dakika tano, funua zikauke, ndipo konflawa. Kwa mtu anayeanza ningemshauri aanze na hizi kuliko fyulisi, zinasamehe.

Stroberi zioshe kabla ya kutoa kikonyo, ukitoa kwanza zinakunywa maji ya kuoshea. Pika theluthi mbili kwa hatua zile zile, theluthi iliyobaki ikate uitie ukishaepua, maana rangi ya stroberi iliyochemka sana inafifia na kuwa ya tofali.

Nanasi lazima lichemke. Bichi lina kimeng'enya kinachokatakata protini: ukiliweka juu ya krimu ya maziwa krimu inakuwa chungu baada ya saa chache, na ukilitia kwenye jelatini haigandi kamwe. Likichemka dakika kadhaa, kimeng'enya kinakufa. Lisage kwenye kwaruzo, kamua kwa kitambaa safi, na juisi ipunguze kama kwenye hatua ya 3.

Embe za Kyela, kama zina nyuzi, zichujwe zote ziwe laini, usihangaike na vipande. Sukari punguza hadi gramu 80.

Parachichi wateja huniuliza kila mwaka, kwa kuwa Rungwe tumejaaliwa nayo. Hapana. Ikipikwa inakuwa chungu na rangi inakuwa ya kaki. Ile ni ya mkate na chumvi.

Kulijaza ndani ya keki

Keki iwe imepoa kabisa, na kama unaweza ilale usiku mmoja imefungwa. Keki ya moto inayeyusha krimu, na krimu ikiyeyuka hakuna kinachoshikilia kitu.

Sawazisha juu ya kila tabaka kwa kisu cha meno. Paka krimu nyembamba sana juu ya tabaka, kama unapaka siagi kwenye mkate wa mtoto unayembania. Hiyo inazuia unyevu usizame kwenye keki. Kisha zungushia ukuta wa krimu nzito pembeni, unene wa kidole, kama boma la ng'ombe. Rojo linakaa ndani ya boma, robo tatu ya kikombe kwa kila sehemu, ulisawazishe lifikie unene wa kama milimita nane na liwe chini ya ukuta kidogo tu. Ukilizidisha litapanda ukuta na kutafuta njia ya nje, na litaipata.

Weka tabaka la pili, bonyeza kwa kiganja kilichofunguka, siyo vidole. Inama macho yawe usawa wa keki, uone kama imelala. Rudia. Ikimalizika iingie kwenye friji nusu saa kabla ya kuipaka nje.

Ikiwa keki inasafiri

Barabara ya kutoka Uyole kwenda Tukuyu ina kona, na ukiteremka kuelekea Kyela unatoka kwenye baridi ya sweta hadi kwenye joto la feni. Kyela iko kama mita 500 tu juu ya usawa wa bahari. Krimu iliyokuwa ngumu Mbeya inalegea njiani, na boma lako nalo. Watu wa Iringa wanaoshusha keki kwenye mteremko wa Kitonga wanaijua habari hii.

Kwa hiyo keki ya safari naipunguzia rojo hadi nusu kikombe kwa kila sehemu, na konflawa naongeza nusu kijiko. Inalala kwenye friji usiku mzima. Alfajiri napitisha vijiti vitatu vya mishikaki kutoka juu hadi chini, nimevikata urefu wa keki, natundika karatasi kwenye boksi kumkumbusha mwenye kukata kwamba vimo ndani. Boksi linakaa sakafuni mwa gari, pale palipo tambarare, siyo kwenye kiti, na kamwe siyo mapajani mwa mtu aliyejitolea kuishika. Mapaja yana mteremko na yana usingizi. Tunaondoka kabla jua halijakaza.

Mkobani nabeba krimu kidogo kwenye mfuko wa kupambia, kisu bapa na kitambaa kilicholowa. Nikifika, naomba nionyeshwe chumba cha kuweka keki, nafunga mlango, ndipo nafungua boksi, nikiwa peke yangu.